Maneti haijafa: kwa nini inakubali mchezo mmoja na kukataa mwingine



Katika nyumba zenye kompyuta na watoto wakubwa, kuna lalamiko ambalo linarudia kila likizo. Mtoto anasema maneti imekataa. Mama anauliza: si jana ulicheza mpira nayo? Mtoto anajibu: ndiyo, kwa mpira inafanya, ila kwa ule mchezo mwingine haisikii kitu. Mama anasikia uongo. Mtoto anapata adhabu kwa kuharibu kitu cha watu, ama mama anafungua mfuko kununua maneti nyingine, na ile mpya nayo inakuja kukataa vilevile.

Tunaandika juu ya jambo hili kwa sababu mara nyingi mtoto anasema kweli. Maneti nzima kabisa inaweza kucheza vizuri katika mchezo mmoja na kunyamaza katika mwingine, kwenye kompyuta ileile, saa ileile. Si uchawi, na si lazima mtu awe ameiangusha. Na kwa wamama ambao wanapata chakula kwa kuwakodisha vijana kompyuta za kucheza kwa saa, jambo hili ni la mfuko: maneti inayotupwa katika karto kama mzoga ni franka zinazotupwa.

Tutaeleza kwanza sababu, kiisha tutafuata hatua moja moja. Hakuna hatua hapa inayodai fundi. Inadai uvumilivu wa nusu saa tu, na umeme usikatike.

Lugha mbili za maneti

Sisi watu wa huku tunajua vizuri mambo ya lugha. Mama anayeuza Kadutu anaweza kuongea Mashi na mteja mmoja, Kiswahili na wa pili, Kifaransa na wa tatu. Lakini yule anayejua Mashi peke yake, umpeleke Lubumbashi, atasimama sokoni na bidhaa nzuri mkononi bila kuelewana na mtu. Hakuna aliyemharibu. Hakuna tu lugha ya kusikilizana.

Maneti na michezo ya kompyuta za Windows iko hivyo. Kuna lugha mbili kubwa. Ya kwanza inaitwa DirectInput. Ni ya zamani, ilikuja katika miaka ya 1990. Kwa lugha hiyo, maneti inaambia mchezo: kifungo namba 1 kimebonyezwa, kifungo namba 7 kimebonyezwa. Haisemi kifungo namba 1 kiko wapi mkononi. Kila kampuni ilipanga namba zake, na ni mchezaji mwenyewe anayepaswa kuambia mchezo kila namba ifanye kazi gani.

Lugha ya pili inaitwa XInput. Microsoft iliileta mwaka 2005, pamoja na mashine yao ya michezo, Xbox 360. Lugha hii imepangwa toka mwanzo: vijiti viwili, vifungo A, B, X na Y, vifungo viwili vya juu, na viwili vya nyuma ambavyo vinavutwa kwa kidole. Mchezo unajua kila kitu kiko wapi bila kuuliza. Ni rahisi kwa watengenezaji, ndiyo maana michezo mingi iliyotoka baada ya hapo ilianza kusikia XInput tu. Unreal Engine 4, kifaa ambacho kampuni nyingi zinatumia kujengea michezo, kikiachwa kama kilivyo kwenye Windows kinasikia XInput peke yake.

Sasa fumbo linafunguka. Maneti nyingi za bei ya chini, na zile za zamani za PlayStation 2 zinazounganishwa kwa adapta ya USB, zinaongea DirectInput. Mpira wa zamani kama PES 2013 unaelewa lugha hiyo, basi mtoto anacheza. Mchezo mpya hauielewi, basi mtoto anabonyeza na hakuna kinachotembea. Maneti za PlayStation 4, zilizotoka mwaka 2013, na za PlayStation 5, za mwaka 2020, nazo haziongei XInput zenyewe zikiunganishwa na kompyuta. Mzazi anaweza kulipa bei kubwa kwa maneti ya kweli ya Sony, na bado ikakataa kwenye mchezo fulani.

Kinyume chake pia hutokea. Maneti ya Xbox ikiingia katika mchezo wa zamani wa DirectInput, vile vifungo viwili vya nyuma vinahesabiwa kama kitu kimoja. Ukivivuta vyote pamoja, kimoja kinafuta kingine. Mtoto wa mashindano ya magari anasema gari haliendi akishika gesi na breki kwa wakati mmoja. Hapo pia anasema kweli.

Hatua ya kwanza: jua kama maneti ni nzima

Kabla ya kumhukumu mtoto ama kwenda sokoni, uliza Windows yenyewe. Unganisha maneti. Bonyeza kwenye klavye kile kifungo chenye alama ya Windows pamoja na herufi R. Dirisha dogo litafunguka. Andika joy.cpl, kiisha bonyeza Enter. Utaona orodha ya maneti zote ambazo kompyuta inaziona. Chagua yako, bonyeza "Propriétés", na uende mahali panapoandikwa "Test".

Sasa mpe mtoto maneti abonyeze kifungo kimoja kimoja, wewe ukiangalia kioo. Kila kifungo kikibonyezwa, alama yake inapaswa kuwaka. Kijiti kikisukumwa, msalaba mdogo unapaswa kutembea, na kikiachwa, urudi katikati.

Kama yote yanawaka na kurudi, maneti ni nzima. Tatizo liko kwenye lugha ama kwenye mpangilio wa mchezo. Kama kifungo kimoja hakiwaki hata kidogo, hapo maneti yenyewe ina ugonjwa. Kama msalaba haurudi katikati, kijiti kimechoka ama kuna vumbi: ndiyo sababu mchezaji anatembea peke yake bila kuguswa. Jaribu kwanza kubonyeza "Étalonner" katika dirisha hilohilo, pale kwenye "Paramètres", na ufuate maelezo. Michezo mingine pia ina sehemu ya kupunguza wepesi wa kijiti ili mchezo usisikie mtikisiko mdogo wa katikati.

Jaribio hili ni dakika tano tu. Mama anayekodisha michezo angelifanya kila asubuhi kabla ya kufungua mlango, angejua maneti gani ni mgonjwa wa kweli na gani inasingiziwa.

Hatua ya pili: kama haionekani kwenye orodha

Ikiwa taa ya maneti inawaka lakini jina lake haliko kwenye orodha, tazama waya. Waya wa kawaida wa USB una nyuzi nne ndani: mbili za kupeleka umeme na mbili za kupeleka habari. Nyaya nyingine za kuchajia telefone zimetengenezwa na zile mbili za umeme tu. Maneti itachaji, taa itawaka, lakini haitasema neno. Chukua waya ambao umewahi kutumika kuhamisha picha toka telefone kwenda kompyuta. Huo una nyuzi zote.

Kiisha badilisha tundu la USB. Kama maneti imeunganishwa kwenye kile kigawanyio cha matundu mengi pamoja na vitu vingine, itoe na uiweke moja kwa moja kwenye kompyuta. Kwa maneti isiyo na waya, chaji betri kwanza, au weka mawe mapya, kabla ya kusema imekufa.

Hatua ya tatu: badilisha lugha kwenye maneti yenyewe

Maneti nyingi zinajua lugha zote mbili, ila zinasubiri mtu aziambie zitumie gani. Igeuze na uiangalie pande zote. Logitech F310 na F710, kwa mfano, zina kitufe kidogo cha kusukuma chenye herufi X na D. X ni XInput, D ni DirectInput. Kwa mchezo mpya, weka X. Kwa mchezo wa zamani uliokataa, jaribu D.

Nyingine hazina kitufe hicho. Unashikilia kile kifungo cha katikati, kinachoandikwa HOME ama MODE, kwa sekunde kadhaa, mpaka taa zibadilike. Karatasi iliyo ndani ya karto inaeleza, kwa hiyo usiitupe. Ukiisha kubadilisha, rudi kwenye joy.cpl. Mara nyingi utaona jina limegeuka na kubeba maneno Xbox 360. Hapo ujue sasa inaongea XInput.

Kwenye hizo Logitech kuna mtego mwingine. Zina kifungo MODE upande wa mbele, na kazi yake ni nyingine: kinabadilishana kazi ya kijiti cha kushoto na ile alama ya msalaba ya kwenda juu, chini, kushoto na kulia. Mtoto akikigusa bila kujua, taa yake inawaka, na mchezaji anakataa kutii kijiti. Bonyeza tena, taa izimike, mambo yanarudi.

Hatua ya nne: tazama ndani ya mchezo

Funga mchezo kabisa. Unganisha maneti. Kiisha fungua mchezo tena. Michezo mingi inatafuta maneti mara moja tu, wakati inafunguka. Ukiunganisha baadaye, haikuoni.

Toa pia kila kitu kingine kinachofanana na maneti: usukani wa gari, maneti ya pili, kipokezi cha maneti isiyo na waya kilichosahauliwa nyuma ya kompyuta. XInput inakubali maneti nne, na michezo ya mtu mmoja mara nyingi inasikiliza ile ya kwanza tu. Kama nafasi ya kwanza imekaliwa na kitu ambacho hakuna anayekishika, maneti ya mtoto inaongea na mtu asiye nyumbani.

Ingia katika mipangilio ya mchezo. Mingine inataka uchague mwenyewe kwamba unatumia maneti na si klavye. Katika PES 2013 kuna programu ndogo inayoitwa Settings, ndani ya dosye ileile ya mchezo, na humo kila kifungo kinapewa kazi yake. Kama pasi imekuwa shuti na shuti imekuwa pasi, si maneti iliyochanganyikiwa. Ni zile namba za DirectInput zinazosubiri kupangwa.

Na tuseme ukweli wote: kuna michezo ambayo haikutengenezwa kwa maneti. Age of Empires II ya mwaka 1999 ilipangwa kwa klavye na kipanya. Hapo hakuna cha kutengeneza.

Hatua ya tano: weka mkalimani

Ikiwa maneti inajua lugha moja tu na mchezo unajua nyingine, dawa ni mkalimani. Ni programu inayokaa katikati, inasikia DirectInput na kuutafsiria mchezo kwa XInput.

Mkalimani anayejulikana sana ni Steam, duka la michezo la kampuni Valve. Programu yenyewe haina malipo. Katika mipangilio yake, pale kwenye "Manette", unaweza kuruhusu maneti za PlayStation na za aina nyingine nyingi. Hata mchezo ambao haukununuliwa humo unaweza kuongezwa kwenye orodha yake, kiisha ukaufungua kupitia Steam ili utafsiri. Lakini toka tarehe 1 Januari 2024 Steam imeacha kuhudumia Windows 7, 8 na 8.1. Mwenye kompyuta ya zamani ajue hilo kabla ya kumaliza mega zake kuipakua.

Kwa maneti za Sony kuna pia DS4Windows, na kwa maneti za kawaida za DirectInput kuna x360ce. Zote mbili zinafanya kompyuta iamini kwamba umeshika maneti ya Xbox.

Hapa kuna maonyo mawili. La kwanza: usiweke wakalimani wawili. Kama DS4Windows na Steam zote zinafanya kazi pamoja, mchezo unaweza kuona maneti mbili mahali pa moja. Unabonyeza mara moja, kichaguzi kinaruka mistari miwili. Watu wengi wanafikiri kifungo kimelegea, na wanapeleka maneti kwa fundi, wakati dawa ni kuzima mkalimani mmoja.

La pili: programu hizi zichukuliwe kwenye ukurasa wa watengenezaji wenyewe. Usizichukue kwenye kle ya USB inayotembea toka nyumba hadi nyumba katika kartiye. Virusi hupenda kujificha ndani ya vitu ambavyo vijana wanavitafuta kwa haraka. Na ile kompyuta ya michezo mara nyingi ndiyo yenye hesabu za kikundi, picha za harusi, na kazi za masomo.

Ukienda kununua

Usinunue kwa rangi wala kwa jina lililoandikwa juu. Kule Birere kama kwingine, utakuta maneti zenye sura ya PlayStation ambazo Sony haikuzitengeneza. Nyingine zinafanya kazi vizuri, nyingine wakalimani hawazitambui. Muulize muuzaji maswali matatu. Je, inaongea XInput? Je, ina njia ya kubadilisha lugha? Je, nikiijaribu nyumbani ikakataa, unanirudishia? Kama ana kompyuta, aiunganishe mbele yako na afungue joy.cpl. Muuzaji mwaminifu hatakasirika. Ataona kwamba mama huyu anajua anachonunua, na hata bei itashuka kidogo.

Kama nyumbani mnacheza mpira wa zamani tu, maneti ya DirectInput ya bei ya chini inatosha. Usilipie XInput bure. Kama watoto wanataka michezo mipya, maneti yenye kubadilika ndiyo ya kuchukua, kwa kuwa itafaa pande zote mbili.

Juu ya mtoto

Tumalizie na jambo linalotuhusu zaidi. Mtoto anayesema "kwa mchezo huu inafanya, kwa ule haifanyi" ametuletea habari nzuri kabisa. Fundi mwenyewe angeuliza swali hilohilo kwanza: inakataa wapi, na inakubali wapi? Tukimjibu kwa kofi, siku nyingine atanyamaza, hata kwa mambo makubwa kuliko maneti.

Kwa hiyo badala ya kumwambia "umeharibu", mwambie "nionyeshe". Mkae wote wawili mbele ya kioo. Ashike maneti, wewe usome hatua hizi. Waiteni na wasichana, kwa sababu katika nyumba nyingi kompyuta imegeuka kuwa kitu cha wavulana bila mtu yeyote kuamua hivyo. Msichana anayejua leo kwa nini maneti haisikilizwi, kesho atajua kwa nini imprimante ya masomo imegoma, na hatamwogopa fundi anayetaja bei toka hewani.

Na zile maneti zilizoko katika karto chini ya kitanda, zilizohukumiwa kufa mwaka jana, zitoeni. Zijaribuni moja moja kwa joy.cpl. Ile ambayo vifungo vyake vyote vinawaka, pangusa vumbi, weka alama ya wino mgongoni kuonyesha lugha yake, X ama D, na uirudishe kazini. Ile iliyokufa kweli, mpelekee fundi aitoe vijiti na vifungo vya kutengenezea nyingine.